Thumuni

Mfereji mpya kauleta Humaid kutoka Sharja,
shingo ndefu, unang'aa
hata nikiusogelea najiona nina pua mbili.
"Mama, mwite fundi," kaniambia, kwa Kiarabu,
maana Kiswahili changu anakisikia vizuri
lakini kukijibu, ah, kinamkwama.

Fundi wa nini? Nyumba hii ya Al-Hail
nimeiona ikimwagwa zege, mwaka wa sabini na tisa.
Najua bomba lipi linapita chini ya kizingiti,
najua tangi la paani lina ufa upande wa kibla.

Nikafunga maji. Nikalala chali, nusu yangu kabatini,
kichwa kati ya sabuni na chupa ya siki,
miguu nje kama maiti aliyepungukiwa sanda.
Bomba la ukutani: nusu inchi.
Mpira wa mfereji: mdomo mdogo, hauvaliki,
kofia ya mtoto juu ya kichwa cha baba.

Dukani kwa Biju, Mabela,
miaka ishirini na mbili kaunta ile ile,
akaupima mdomo kwa koleo lake la kupimia,
akaandika juu ya boksi: tatu, mstari, nane.
"Thumuni tatu," nikasema.
"Eish?"
"Thumuni. Nusu ni thumuni nne. Hapa imepungua moja."
Akalirudia neno, thu-mu-ni, kama anayelitafutia rafu.

Wallahi sijalitamka tangu Wete.
Thumuni ilikuwa sarafu, imefungwa pindoni mwa kanga,
thumuni ya mafuta ya taa, thumuni ya dagaa,
na muuzaji akikuona mdogo
anakurudishia chenji pungufu, anatazama pembeni.
Leo naidai yangu
kwenye duka lenye kiyoyozi.

Akanipa kijipande cha shaba, kizito,
kinene huku, chembamba kule. Baisa mia sita.

Ukutani kikakaa. Kwenye mpira
kikaingia mizunguko miwili, kikagoma.
Nikakaza. Kikalia, kriii.
Shaba ikilia usibishane nayo.
Nikarudi kwa Biju, jua la saa sita kisogoni,
abaya imenishika mgongo.

Akaziinua hesi mbili kwenye mwanga wa taa.
"Mama, thumuni tatu hii ya Kiingereza.
Thumuni tatu hii ya Amerika. Jina moja, si ndugu.
Hii meno kumi na tisa, hii kumi na nane."
"Mbona hukuniambia asubuhi?"
"Asubuhi mama amesema thumuni tu."

Kiswahili cha Biju amekiokota kwetu sisi wateja,
kina lafudhi ya Kerala,
lakini hakivuji.

Haya. Kijipande cha pili. Tepu nyeupe,
nyembamba kama utando wa kitunguu,
mara tano, kufuata mkazo;
ukiizungusha kinyume inajifumua yenyewe
na wewe uko chini unajisifu.
Kwa mkono kwanza. Spana iseme mwisho.

Nikafungua.
Upande wa baridi yakatoka ya moto,
Julai tangi la paani ni birika.
Upande wa moto, hita nimeizima tangu Mei,
yakatoka baridi, nikanawa uso.
Hilo halina kiungo chake, hata kwa Biju.

Jioni Humaid akapiga simu.
Fundi kachukua kiasi gani, anauliza, kwa Kiarabu.
"Thumuni," nikamjibu.
Kimya. Nasikia gari lake, indiketa yake, tik, tik.
Kisha, polepole, kama mtu anayekaza kwa mkono:
"Thumuni ni... ni kitu gani, mama?"

Nikasema subiri.
Nimeinama kabatini, simu begani.
Pale kwenye hesi kuna tone linajikusanya,
linanenepa, halijaamua.
Nimeliwekea kikombe.